Nestory Chenge na Kona Isiyopigwa Jembe

Tarehe 30 Juni 2025 Nestory Chenge, Msimamizi wa Makaburi ya Mwambani hapa Igogo, anastaafu baada ya kutumikia miaka thelathini na saba na miezi minne. Katika muda wote huo alichelewa kazini mara mbili tu. Mara ya kwanza ni siku mkewe Sabina alipojifungua. Mara ya pili alidhani ni Jumapili.

Kamati ya Makaburi imeniomba mimi, Wilhelmina Ng'washi, niandike wasifu huu, kwa kuwa walitaka mtu aliyefanya kazi na mstaafu kwa karibu. Nimefagia makaburi haya tangu mwaka 1968 hadi 1999, na miaka kumi na moja ya mwisho nilifagia huku yeye akiwa pale pale na toroli lake. Tena nimemzaa. Shule yangu ni darasa la nne, ila la zamani, lile la kufundishwa kweli. Mjukuu wangu amenirekebishia herufi. Maneno ni yangu, na kama sifa zitaonekana nyingi, ni kwa sababu mtoto mwenyewe anazo.

Wageni mliotoka mbali mjue kwanza mahali penyewe. Mwambani si makaburi ya kuzika na kukimbia. Yalipangwa na watu wa zamani waliopenda bustani. Kuna jakaranda safu mbili kutoka getini, ngazi za mawe, matuta sita yaliyoshikwa na kuta za mawe, na juu kabisa miamba miwili mikubwa iliyoegemeana kama watu wanaosengenya. Ukisimama pale unaliona ziwa lote. Hapa amelala fundi mkuu wa meli aliyefariki mwaka 1934, na nanga ya chuma juu ya kaburi lake. Amelala karani wa kinu cha pamba, muuguzi aliyezalisha nusu ya Igogo, na Mzee Ngosha, nyapara wetu, aliyetufundisha kazi sisi sote. Wamelala matajiri wenye mawe ya marumaru, na wengi wasio na jiwe lolote.

Nestory aliingia hapa Machi 1988, akiwa na miaka ishirini na miwili, kama mtunza bustani wa daraja la chini kabisa. Watu walisema mama yake kamwingiza kwa mlango wa nyuma. Si kweli. Makaburi haya hayana mlango wa nyuma, yana geti moja tu, na alipita hapo hapo akasailiwa kama wengine.

Sifa yake ya kwanza ni kushuku. Wengine huliita hilo kasoro. Mimi nasema anayelinda wafu lazima ashuku, kwa sababu wafu wenyewe hawawezi kupiga kelele. Nestory humtazama mgeni kuanzia viatu. Mtu akija na maua makubwa kuliko huzuni yake, Nestory anamfuata kwa mbali akijifanya anakata majani.

Mwaka 2009 alikuja bwana mmoja amevaa suti, akaenda moja kwa moja kwenye kaburi la fundi wa meli, akaangua kilio. Akasema huyu ni mjomba wake. Nestory akampa pole, akamuuliza jina la marehemu. Yule bwana akalisoma kwenye jiwe. Akamuuliza alizaliwa wapi. Akasoma tena, hadi na tarehe. Kisha Nestory akamuuliza, kwa upole kabisa, “Sasa mjomba wako alikufa miaka thelathini kabla hujazaliwa, mbona unamlilia kama alikulea?” Bwana akafuta macho, akachukua mfuko wake, akaondoka haraka hadi mfuko ukachanika ngazini. Ukadondosha msumeno wa chuma. Nanga ipo hadi leo, nendeni mkaione baada ya chakula.

Kazi yake kubwa ni daftari la waliozikwa. Mwaka 1994 alikuta mchwa wamekula kurasa za mwanzo za daftari la zamani, zote za kabla ya mwaka 1970. Mtu mwingine angefunga kabati. Yeye alinakili kilichobaki kwa mkono wake, kisha Jumamosi kwa Jumamosi akapita nyumba kwa nyumba, Igogo, Buhongwa, hadi Buswelu, akiuliza, “Shikamoo, eti nyie mmezika nani kwetu?” Huko Buhongwa mama mmoja alimtoa mbio na mwiko wa ugali akidhani ni mganga anatafuta mifupa. Miaka miwili alitembea hivyo. Alirudisha majina mia nne na kumi na mbili. Nani kati yenu amewahi kurudisha watu mia nne kutoka tumboni mwa mchwa?

Sasa nifike kwenye jambo ambalo Katibu wetu, Bwana Jonathan, aliniomba nilipitie juu juu. Sitalipitia juu juu. Wengi mliokaa hapa leo mlilisikia mitaani kwa ubaya, basi mlisikie kutoka kwangu kwa ukweli.

Kule juu, chini ya ile miamba miwili, kuna kona isiyo na jiwe wala msalaba. Nilipoanza kazi, Mzee Ngosha alinipeleka pale siku ya kwanza, akaniambia, “Binti, hapa jembe marufuku. Fagia tu, tena fagia kwa kuzunguka, hivi na hivi.” Nikauliza kwa nini. Akanijibu kuwa mimi nimeajiriwa kufagia. Nikashuku kuna nyoka, au kuna tambiko la watu. Sikuuliza tena. Nilifagia kwa kuzunguka miaka thelathini na moja, na Nestory alipokuja nikamfundisha vile vile nilivyofundishwa. Yeye naye aliniuliza kwa nini, nami nikamjibu kama Ngosha.

Kisha kulikuwa na Mama Champaben. Huyu ni mama wa Kihindi, mjane, familia yake wana duka la vitambaa mjini miaka mingi. Kila mwaka mwezi wa nane alikuja peke yake, amevaa sari nyeupe, akapanda ngazi zote hadi kwenye ile kona. Alimwaga maziwa kidogo chini kutoka kwenye kikombe cha shaba, akasimama, akaondoka. Hakusema na mtu. Kikombe alikiacha hadi jioni, na jioni akikirudia anakikuta kimepinduka na nyayo ndogo ndogo pembeni.

Hebu niambieni, mngefikiri nini? Kila mtu hapa anajua Wahindu huchoma wafu wao. Sasa Mhindu anatafuta nini makaburini? Yakobo, mchimbaji wetu, alisema wazi wazi, “Yule mama anazindika biashara yake kwetu.” Mimi nilisema mabaya kuliko hayo, na siyarudii maana mwenyewe yupo hapa leo, amekaa meza ya mbele. Nestory alijibanza nyuma ya mwamba mara tatu, miaka mitatu, ili amjue anywaye yale maziwa. Aliwakuta pimbi. Pimbi watatu wanene, wanaishi mle miambani, walikuwa wanaijua ile siku kuliko kalenda. Lakini bado hakujua maziwa ni ya nani.

Mwezi wa nane mwaka jana Mama Champaben aliteleza kwenye ngazi. Nestory akamshika, akamketisha, akampa maji. Kilichosemwa pale hakuna aliyekisikia. Tuliona tu mama analia na Nestory ametoa kofia. Tangu siku hiyo mwanangu akabadilika. Ukimtaja yule mama, anageuza mazungumzo, anauliza bei ya dagaa.

Novemba Kamati ikaleta mhandisi. Wageni walikuwa wameongezeka, ikaamuliwa vijengwe vyoo na tangi la maji. Mhandisi akatembea makaburi yote akitafuta mahali patupu. Akapata ile kona. Mbali na kwamba ramani mpya haikuonyesha kaburi pale, palikuwa peupe, pagumu, pasafi, hapana hata jani. Akachomeka vigingi. Asubuhi yake vigingi vyote vilikuwa stoo, vimefungwa kamba vizuri.

Nestory hakukana. Alisema yeye ndiye aliyeving'oa, na akaomba vyoo vihamishiwe karibu na geti. Akaulizwa sababu. Akasema hawezi kuitoa. Akaulizwa tena kwa barua. Akajibu kwa barua kwamba sababu anayo ila si yake. Hapo ndipo moto ulipowaka. Bwana Jonathan akasema, na leo mwenyewe amenikubalia niandike, “Huyu mzee ameshawagawia Wahindi ile kona kinyemela. Anastaafu, anajitengenezea mapokezi kwao.” Faili lake likachukuliwa, na akaambiwa kwamba barua yake ya kustaafu kwa heshima haitatoka mpaka aeleze. Miaka thelathini na saba, jamani. Walianza kumkagua hadi mkoba wa chakula getini.

Na mimi? Ningependa kuandika hapa kwamba mama mtu alisimama imara. Sikusimama. Januari nilikwenda kwake Buswelu nikakuta mezani boksi la peremende za maziwa, zile wanazotengeneza Wahindi sikukuu. Nikamuuliza zimetoka wapi. Akaniita mama kwa Kisukuma, “Mayu, kula tu.” Sikula. Nilirudi Igogo nikijisemea, kumbe kweli. Mkwe wangu Sabina alinipigia akaniambia haamini, nikamwambia wewe ni mke, wake huamini. Nilishuku mtoto niliyemfunga mgongoni nikifagia makaburi ya watu. Miezi miwili sikukanyaga kwake.

Machi Kamati ikaitisha kikao pale pale kwenye kona ili mambo yaishe. Nikaenda. Sikwenda kumtetea. Nilikwenda kumwambia mbele ya watu aseme alichofanya, aombe msamaha, aondoke na heshima iliyobaki. Nilipanda zile ngazi kwa magoti haya haya ya miaka themanini na moja, nikafika juu nahema kama mhunzi.

Nestory alikuwa amesimama kando, kofia mkononi. Hakunitazama. Vigingi vilikuwa vimerudishwa. Bwana Jonathan akanisogelea kwa adabu, akanionyesha ardhi. “Shikamoo mama. Tazama mwenyewe. Hapa hapana kitu. Pamefagiwa kama uwanja wa shule, hapana tuta, hapana jiwe. Sasa mwanao analinda nini?”

Nikatazama. Ilikuwa miaka mingi sijapanda huko. Nikaona kumbe anayoyasema ni kazi yangu mimi. Ule weupe ni ufagio wangu. Ule ugumu ni jembe ambalo halijawahi kugusa. Mimi na Nestory tulifagia pale kwa miaka hamsini na zaidi mpaka tukafuta kila dalili, na sasa usafi wetu ndio umekuwa ushahidi kwamba hapana mtu. Nikauliza kwa sauti, “Baba, nani alikwambia panapofagiwa hapana mtu?”

Nikaomba ufagio. Gladness, yule binti mtunza bustani ambaye ndiye anarithi kazi ya Nestory, akanipa wake. Nikaanza kufagia kama Ngosha alivyonifundisha, kwa kuzunguka. Sikuwa nafikiri, mikono ilikuwa inajua. Hapa unazunguka kidogo, hapa unapita katikati, hapa unazunguka tena. Nilipomaliza nikageuka nyuma nikaona alama za ufagio zimeacha visehemu vidogo vidogo, kila kimoja hakizidi urefu wa mkono wangu. Nikavihesabu. Kumi na moja.

Hapakuwa na nyoka wala tambiko. Nimezaa watoto saba na kuzika wawili, urefu ule naujua.

Yakobo akaenda kuchukua nondo yake. Wachimbaji wanajua: ardhi iliyowahi kufunguliwa, hata ipite miaka mia, ukichoma nondo ukingoni mwake inaingia tofauti. Akachoma kwa upole ukingoni mwa alama ya kwanza. Ikaingia. Ya pili, ikaingia. Ya tatu, ikaingia. Mwenyekiti akavua miwani. Yakobo alipofika ya nne, Nestory akasema, “Hapo usichome.”

Neno hilo tu. Bwana Jonathan akaruka, “Enhe! Kwa nini hapo? Wengine wachomwe, hapo kuna nini?” Nestory akavaa kofia yake, akatazama ziwa. Nami, Mungu anisamehe, hata pale, hata baada ya kuona kumi na moja, moyo wangu ulisema: anaficha kitu. Tuliondoka mlimani vyoo vimesimamishwa, ila mwanangu hajasafishwa.

Aliyemsafisha alikuja Alhamisi iliyofuata, amefika ofisini amemshika mjukuu wake mkono. Habari alikuwa amezipata dukani, wateja wanaongea. Mama Champaben hakukaa kwenye kiti alichopewa. Alisema kwa Kiswahili chake kizuri cha Mwanza, “Nyinyi nasumbua mutu bure. Mimi ndiye nilimwambia asiseme. Nilimwapisha.” Kisha akaeleza. Kwao watu wazima huchomwa, lakini mtoto mchanga hachomwi, mtoto mchanga huzikwa. Mwaka 1967 alimzika hapo mwanawe wa kwanza, wa miezi mitano. Familia nyingine za Wahindi zilifanya hivyo kona hiyo hiyo kwa ruhusa ya Mzee Ngosha, bila jiwe, kama desturi yao. Mumewe alitaka jambo lile lisitajwe tena nyumbani, na halikutajwa. Watoto waliozaliwa baadaye hawakujua kuwa wana kaka. Mjukuu aliyemshika mkono alikuwa anaisikia habari hiyo kwa mara ya kwanza pale pale ofisini, pamoja na Bwana Jonathan, pamoja na mimi niliyeitwa kama shahidi.

Akasema jambo moja zaidi. “Mimi nikifa nitachomwa, majivu yangu yatakwenda majini. Yeye atabaki hapo peke yake. Nani atajua? Ndiyo maana nilimwambia Nestory. Nilitaka mutu mumoja ajue.”

Mtu mmoja. Na huyo mtu mmoja aliachia faili lake, jina lake, na mama yake, kuliko kuachia neno la mama wa mwenzake.

Barua ya kustaafu kwa heshima imetoka tarehe 2 Mei, na Bwana Jonathan aliipeleka mwenyewe Buswelu kwa miguu yake, akakaa, akanywa chai, akaomba radhi kama mwanaume. Vyoo vinajengwa karibu na geti. Katika daftari jipya, ukurasa wa kona ya juu sasa una mistari kumi na moja. Familia mbili nyingine zimejitokeza na majina. Mistari minane bado ina alama tu, na Gladness ameshaanza Jumamosi zake. Mstari wa nne Nestory aliuandika kwa ruhusa ya mama mwenyewe, na Gladness anasema ndio mstari wa mwisho aliouandika kazini kabla ya kukabidhi kalamu: Rohan, miezi mitano, 1967.

Kwa niaba ya wafanyakazi wa Mwambani, waliopo juu ya ardhi na wale waliotangulia, tunamshukuru Nestory Chenge kwa kazi iliyotukuka. Tunamtakia yeye na Sabina huko Buswelu uzee mtamu, migomba inayozaa, magoti yasiyouma, na majirani ambao hatakuwa na sababu ya kuwashuku.

Na sasa, wageni waalikwa, mniwie radhi, mistari hii si ya wasifu. Nestory, wengine wote wameshakuomba msamaha, wengine kwa barua, wengine kwa mbuzi. Mimi mama yako bado. Kila nikija kwako unanikaribisha kama hakuna kilichotokea, na hilo ndilo linaloniumiza. Nilikushuku, mwanangu. Nilikushuku mara mbili, na ya pili macho yangu yakiwa wazi. Nakuomba msamaha hapa mbele ya Kamati, mbele ya Mama Champaben, mbele ya mkeo na watoto wako. Simama unijibu. Nimewaambia wapishi wasifunue sufuria hata moja mpaka nikusikie.